Wapagazi wa Angani

Mwaka 1917, Kakamega ilipokuwa bado kituo kidogo kisicho na cheo, kwa kuwa makao ya serikali ya Kavirondo ya Kaskazini yalikuwa Mumias, jirani na boma la Nabongo Mumia, wala hayakuhamishiwa hapa kwetu hadi mwaka 1920, ilitoka Nairobi amri ya kuwakusanya wanaume wenye afya kutoka kila lokesheni, wapelekwe kusini kuwabebea mizigo askari wa Mwingereza waliokuwa wakimfukuza jemadari wa Kijerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, katika mabonde na misitu ya ile nchi ambayo baadaye iliitwa Tanganyika. Aliyekabidhiwa kuisimamia amri hiyo ni John Ainsworth, aliyepata kuwa Kamishna wa Jimbo la Nyanza na akawafahamu vema machifu wa pande hizi; nao machifu, ambao wengine hiari yao haikuwa kubwa kuliko ya wale waliowakamata, wakaitimiza hesabu iliyotakiwa.

Historia ya ndege za shehena za kijeshi, pamoja na zile zinazozijazia ndege nyingine mafuta hewani, huandikwa aghalabu kana kwamba ni mali ya Marekani na Ulaya peke yao, ikaanza viwandani na kuishia viwandani. Mimi naona, na msomaji ataniwia radhi, kwamba kwetu sisi haina budi kuanzia utosini mwa mpagazi, kwa sababu hesabu iliyomwua mpagazi ndiyo hiyo hiyo waliyokuja kuikabili wahandisi wa ndege, na hata leo hawajaishinda ila wameisogeza mbele kidogo.

Hesabu yenyewe si ngumu. Tuseme mtu mmoja hubeba ratili 50 za unga, na kwa siku hula ratili 2 ili apate nguvu ya kuubeba. Akienda mwendo wa siku 10 na kurudi siku 10, amekwisha kula ratili 40, na kilichomfikia askari aliye mbele ni ratili 10 tu. Akienda mwendo wa siku 12 na nusu, hafikishi hata chembe, maana mzigo wote umeliwa na mbebaji wake. Atakaye kufika mbali zaidi ya hapo yampasa aweke wapagazi kwa vituo, hawa wawabebee wale chakula, na wale wawabebee wengine, hata watu wengi watoke jasho ili mzigo wa mmoja ufike. Punda na ng'ombe wangaliwasaidia, lakini ndorobo aliwamaliza. Magari yalizama matopeni masika yalipoingia. Reli haikufika kule alikokimbilia Mjerumani. Basi likabaki jeshi la wapagazi, ambalo Oscar Watkins ndiye aliyeliongoza, na ambalo kwa jumla ya nchi zote za Mwingereza zilizotoa watu lilikaribia, kwa makadirio ya wanahistoria, watu milioni moja.

Waliokufa hawakuuawa na risasi ila wachache. Waliuawa na kuhara damu, kwa unga wa mahindi usioiva kwa kukosa muda na kuni, tena waliopewa watu ambao wengi wao hawakuuzoea. Wakauawa na malaria, na homa ya mapafu katika mvua ya milima ya kusini. Wanahistoria wa baadaye wamekadiria vifo vilivyokaribia 100,000, na mshahara wa wengi katika hao haukupata wa kuudai, ukabaki katika daftari za serikali ukibishaniwa kwa miaka mingi na wakubwa ambao hawakupata kubeba hata kibuyu cha maji. Pale Nairobi, katika barabara iitwayo sasa Kenyatta Avenue, ziliwekwa mwaka 1928 sanamu tatu za shaba kuwa ukumbusho wa vita vile, na mmoja katika watatu hao ni mpagazi. Hiyo ni heshima isiyopatikana miji mingi duniani.

Na katika mwaka ule ule wa 1917, wakati wapagazi wa Mwingereza walipokuwa wakifa njiani, na wapagazi wa Mjerumani pia, kwa maana Lettow-Vorbeck naye aliwachukua watu vijijini bila ya kuuliza, huko Berlin palizuka fikira ambayo kwa ujasiri wake inastahili kusimuliwa kwa utulivu. Serikali ya Kijerumani ilikwisha kupeleka merikebu mbili za siri, *Rubens* mwaka 1915 na *Marie* mwaka 1916, zikapenya kati ya manowari za Kiingereza na kushusha bunduki na risasi katika pwani ya Tanga na ya Lindi. Lakini mwaka 1917 pwani yote ilikuwa mikononi mwa Mwingereza, na bandari haikuwapo tena. Pakabaki hewa. Ikatolewa shauri la kupeleka merikebu ya angani, ile aina ya chombo kikubwa chenye mifuko ya gesi kilichobuniwa na mwungwana wa Kijerumani aitwaye Zeppelin, itoke Bulgaria, ivuke bahari ya Mediterania, ifuate jangwa la Libya na mto Naili, ikashuke kusini mwa koloni ikiwa na zana na dawa.

Chombo cha kwanza kilichotayarishwa kwa safari hiyo kiliharibiwa na tufani mwezi wa Oktoba kabla hakijaondoka Ujerumani. Cha pili kiliitwa L59, urefu wake mita 226, nacho kiliondoka Jamboli, kule Bulgaria, tarehe 21 Novemba 1917 chini ya nahodha Ludwig Bockholt, na mabaharia wake pamoja naye watu 22, kikiwa kimechukua takriban tani 15 za risasi, bunduki za rashasha, dawa na vifaa vinginevyo. Tani 15 ni mizigo ya wapagazi zaidi ya 600. Na hapa ndipo ninapoiona akili ya wale waliopanga jambo hili, kwani walitambua kwamba Afrika hakuna gesi ya kukijaza chombo tena kikishafika, kwa hiyo hakitarudi, na kwa kuwa hakitarudi, basi chombo chenyewe na kiwe sehemu ya shehena. Kitambaa cha nje kiliazimiwa kuwa mahema, cha ndani kiwe bandeji za majeruhi, mifupa ya madini mepesi iwe mlingoti wa simu ya upepo, na hata ngozi iliyotandazwa katika njia za ndani walimopita mabaharia ishonwe viatu. Mabaharia wenyewe wangeshika bunduki na kuwa askari wa miguu. Ile hesabu ya mpagazi anayekula mzigo wake ilikuwa imegeuzwa juu chini: hapa jeshi lingemla mbebaji.

Safari ilikuwa ya mateso. Mchana jua la jangwa lilipasha gesi moto hata ikabidi iachwe nyingine itoke, na usiku baridi ikaizuia isibebe, mpaka chombo kikashuka karibu kigonge vilima. Mtambo mmoja uliharibika, nao ndio uliokuwa ukiitia nguvu simu ya upepo, kwa hiyo Bockholt aliweza kusikia habari wala hakuweza kujibu. Alipokuwa magharibi ya Khartoum, usiku wa tarehe 23, akapokea amri ya kurudi, kwa sababu Berlin ilipata habari kwamba nyanda walizotazamia kushukia zimekwisha kutekwa. Akageuza. Tarehe 25 Novemba alitua Jamboli, akiwa amekwenda kilomita 6,757 kwa saa 95 pasipo kutua, na mafuta yake hayajaisha. Siku hiyo hiyo ya tarehe 25, Lettow-Vorbeck alikuwa akivuka mto Ruvuma kuingia nchi ya Wareno, ambako aliteka ghala la silaha la adui akapata bila ya ndege kile alichokuwa akiletewa kwa ndege. Na mwaka mmoja baadaye, tena tarehe 25 Novemba, akaweka silaha chini huko Abercorn, katika nchi iitwayo sasa Zambia. L59 haikuiona siku hiyo: iliungua na kuanguka baharini karibu na Italia mwezi wa Aprili 1918, na watu wake wote wakafa.

Vita vilipokwisha, anga ya ziwa letu ilianza kupata wageni. Ndege *Silver Queen II* ya Van Ryneveld na Brand, waliokuwa wakitoka Uingereza kwenda Cape Town, ilitua Kisumu mwaka 1920. Mwaka 1926 akapita Alan Cobham katika safari kama hiyo, na mtu huyu tumshike vizuri, maana ndiye aliyekuja kuwa baba wa ufundi wa kujaziana mafuta angani. Si kwamba yeye ndiye wa kwanza. Wamarekani Lowell Smith na John Richter, wakiwa katika ndege moja, walipokea petroli kwa mpira kutoka ndege nyingine huko San Diego tarehe 27 Juni 1923, na mwezi wa Januari 1929 ndege iliyoitwa *Question Mark*, chini ya Carl Spaatz, ilikaa hewani zaidi ya saa 150 ikinyweshwa na wenzake. Lakini Wamarekani walifanya hayo kwa kutafuta rekodi, kisha wakaliacha jambo lilale. Cobham, aliyeijua Afrika kwa kuisafiri, akajua ni taabu gani kupeleka mapipa ya petroli kwa mtumbwi, kwa reli na kwa vichwa vya watu katika vituo vilivyotengana mamia ya maili ili ndege moja ipite, hakuona mchezo ndani yake. Mwaka 1934 alianzisha kampuni iliyoitwa Flight Refuelling, nayo kazi yake ilikuwa hiyo tu.

Ufundi wake wa mwanzo uliwataka watu wawe na moyo. Ndege yenye njaa iliburura nyuma yake kamba. Ndege yenye mafuta ikaja ubavuni na kurusha kamba yake yenye ndoana, mpaka zikanasana. Kisha mpira ukavutwa kwa kamba hizo hadi mkiani mwa mwenye njaa, na mwenye mafuta akapanda juu zaidi, petroli ikateremka kwa uzito wake yenyewe. Mwezi wa Agosti 1939 kampuni ya Imperial Airways ilianza kuutumia kuvusha barua Atlantiki kwa boti zake za hewani, na boti hizo zilikuwa za aina ile ile ambayo tangu mwaka 1937 watu wa Kisumu walizoea kuziona zikitua ziwani na abiria wa Ulaya. Tofauti ni kwamba za Kisumu zilituatua njiani kila baada ya masafa mafupi, kama msafara wa zamani, ilhali za Atlantiki hazikuwa na pa kutua. Vita vya pili vikaukatiza mpango huo baada ya wiki chache.

Vita hivyo vya pili ndivyo vilivyowakutanisha watu wa nchi hii na ndege ya shehena uso kwa uso. Vijana wa Kavirondo ya Kaskazini walioandikwa katika King's African Rifles walipelekwa Ceylon, na kutoka huko Burma, katika Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, nayo ikapewa mwaka 1944 kazi ambayo majemadari wengi waliiona haifai: kumfuata Mjapani akirudi nyuma katika bonde la Kabaw, wakati wa masika yenyewe, kuanzia Agosti. Bonde hilo lilijulikana kwa malaria na kwa homa inayoletwa na utitiri. Njia ilikuwa tope linalofika magotini. Magari yalikwama, tembo waliitwa wasaidie, na mvua haikukatika.

Yale yaliyowapata wapagazi wa 1917 yangaliwapata hawa pia lau si ndege za Dakota. Chakula, risasi, dawa, hata buti na barua, vilidondoshwa kutoka hewani katika viwanja vilivyofyekwa msituni, marubani wakiteremka kati ya milima iliyofunikwa na mawingu, pengine wakirudi na mzigo wao kwa kutoliona bonde. Mchele na vitu visivyovunjika viliachwa vianguke vivyo hivyo, vikiwa katika gunia ndani ya gunia jingine, ili la ndani likipasuka la nje lishike. Risasi na dawa zikashuka kwa miavuli. Na kwa kuwa miavuli ya hariri ilikuwa adimu na ghali, Jemadari William Slim, aliyekuwa mkuu wa Jeshi la 14, aliwaendea wenye viwanda vya Calcutta akatengenezewa miavuli ya magunia, yaani ya jute ile inayotiwa mahindi na kahawa, kwa bei ndogo mno kulinganisha na ya hariri. Sijui jambo lililo la kiungwana zaidi katika vita vile. Tarehe 2 Desemba 1944 askari wa Afrika Mashariki waliingia Kalewa na kuushika ukingo wa mto Chindwin.

Katika vita hivyo hivyo, upande wa magharibi, Divisheni ya 81 ya Afrika Magharibi ilishuka bonde la Kaladan ikilishwa kwa ndege peke yake, nayo ilikuwa bado na wapagazi wake wanaobeba kwa kichwa. Ndege zikawatupia mizigo, wao wakaiokota na kuitwika. Kwa hiyo zama mbili zilipokezana mizigo mahali pamoja, na hakuna aliyepata kusema ni ipi iliyokuwa ikimaliza zamu yake. Aidha, miongoni mwa askari wa King's African Rifles waliokuwa Burma alikuwamo Waruhiu Itote, ambaye Kenya nzima ilikuja kumjua kwa jina la Jenerali China; alipokuwa yeye na wenzake wanaingia msituni kupigania uhuru, Mwingereza aliwaletea mwezi wa Oktoba 1952 batalioni nzima ya Lancashire Fusiliers kwa ndege kutoka Misri, ikatua Nairobi wakati hali ya hatari inatangazwa. Wanafunzi wa Burma walikuwa pande zote mbili.

Miaka iliyofuata vita nitaipita kwa haraka, kwa kuwa wengine wameieleza kwa urefu. Kuanzia Juni 1948 Berlin ilizingirwa na Warusi, nayo ikalishwa na kupashwa moto kwa ndege kwa zaidi ya mwaka mmoja, tani zaidi ya milioni 2, nyingi zikiwa makaa ya mawe; na hapo wakuu wa majeshi wakaamini kwamba ndege yaweza kulisha hata mji. Mwezi wa Agosti 1954 iliruka kwa mara ya kwanza C-130 Hercules, yenye mlango mpana mkiani, sakafu iliyo karibu na ardhi ili gari liingie lenyewe, na magurudumu yanayostahimili kiwanja cha udongo. Upande wa mafuta, kampuni ya Cobham ilibuni mwaka 1949 mpira wenye kikapu mwishoni, ambacho ndege inayohitaji mafuta hukichoma kwa mrija wa puani mwake, na Boeing ikabuni ufito mgumu unaoelekezwa na mtu aliyelala tumboni mwa ndege. Mwaka huo huo ndege ya Marekani iitwayo *Lucky Lady II* ikaizunguka dunia bila ya kutua. Tarehe 31 Agosti 1956 ikaruka KC-135, ndege ya kwanza ya injini za jeti iliyoundwa tangu mwanzo kwa kazi hiyo, ichukuayo mafuta yapatayo tani 90. Na zilizojengwa, 732 kwa jumla, nyingine zaruka hata sasa zikiwa na umri wa kumpita rubani wake mara mbili.

Nairobi wakati huo ilikuwa na kiwanja cha Eastleigh, na kutoka mwaka 1959 Kikosi cha 30 cha jeshi la anga la Uingereza kiliweka hapo ndege za Beverley, mabumba makubwa yenye magurudumu yasiyokunjika, mabaya kwa sura na mema kwa tabia. Njaa na mafuriko ya mwaka 1961 yalipowakata watu wa mto Tana na kaskazini, ndege hizi zilikwenda kuwatupia chakula.

Lakini kisa ambacho hufurahisha akili yangu kuliko vyote, kwa jinsi kilivyoirudia hesabu ya mpagazi pasipo kujua, ni cha mafuta ya Zambia. Ian Smith alipojitangazia uhuru Rhodesia tarehe 11 Novemba 1965, na Uingereza ikaweka vikwazo, Zambia iliyokuwa ikipata mafuta yake kwa njia ya Rhodesia ikaachwa kavu, na migodi yake ya shaba ikawa hatarini. Jeshi la anga la Uingereza likapewa kazi ya kubeba mapipa ya mafuta kwa ndege za Britannia, kwanza kutoka Dar es Salaam, na papo hapo Tanzania, kwa kuona Uingereza imelegea mbele ya Smith, ilikuwa imevunja uhusiano wa kibalozi nayo tarehe 15 Desemba. Kwa hiyo ndege zikahamia Nairobi. Wakanada na kampuni za Marekani nazo zikabeba kutoka Kongo. Fikiri basi: ndege kubwa ya injini nne inachoma mafuta njia nzima kwenda na kurudi ili ishushe mapipa ya mafuta. Kiasi kilichofika kilisaidia, serikali ya Rais Kaunda haikuanguka na migodi haikufungwa, ila kila mwenye kalamu aliona kwamba jambo hilo haliwezi kudumu. Ndipo malori yakaanza kuipita ile barabara mbaya ya kutoka Dar es Salaam, iliyopewa na madereva sifa ya kutisha, na mwaka 1968 likakamilika bomba la mafuta hadi Ndola, na baadaye reli ya Wachina.

Mwaka 1976 hesabu ya mafuta ilitufikia hapa mlangoni. Tarehe 27 Juni ndege ya Air France ilitekwa nyara na kupelekwa Entebbe, ambako Idi Amin aliwapokea watekaji. Na usiku wa tarehe 3 kuamkia 4 Julai Hercules nne za Israeli ziliruka kutoka Sharm el-Sheikh, zikashuka chini kabisa juu ya bahari ya Shamu zisionwe na rada, zikaja masafa ya kilomita zipatazo 4,000 kuwakomboa mateka. Habari za mapigano zimesimuliwa mno, na filamu zimepigwa: mateka 102 walitoka wakiwa hai, na waliokufa walikuwa mateka watatu pale kiwanjani, kamanda Yonatan Netanyahu, watekaji, na askari wa Uganda makumi kadhaa, achilia mbali Bi. Dora Bloch, aliyekuwa hospitalini Kampala, ambaye aliuawa baadaye. Linalosimuliwa kidogo ni kwamba Hercules zile hazikuwa na mafuta ya kurudi. Hapakuwa na ndege ya kuzijazia hewani, na walikuja na pampu yao, wakikusudia kunyonya mafuta kutoka matangi ya Entebbe yenyewe, huku risasi zikilia, jambo ambalo lingewaweka ardhini muda mrefu zaidi. Kilichowaokoa ni Nairobi. Waliporuhusiwa kutua Kenya, ambako ndege nyingine aina ya Boeing 707 ilikuwa imetayarishwa iwe hospitali, waliiacha pampu isifanye kazi, wakavuka ziwa, wakanywesha ndege zao na kwenda.

Bei ya mafuta hayo haikulipwa na Israeli peke yake. Mamia ya Wakenya waliokuwa wakikaa Uganda waliuawa kwa hasira ya Amin, na wengine wakakimbia wakivuka Busia na Malaba bila ya kitu. Kenya nayo ikayazuia magari ya mafuta ya kwenda Uganda, mpaka majirani hao wakapatana mwezi wa Agosti. Watu wa magharibi ya Kenya, ambao wana shemeji na wajomba ng'ambo ya mpaka ule, hawakuhitaji mwanazuoni awafundishe kwamba kibali cha kutia petroli usiku mmoja ni tendo la vita.

Mwaka 1982, Uingereza ilipotaka kuupiga mabomu uwanja wa ndege wa Port Stanley katika visiwa vya Falkland, uliokuwa mikononi mwa Waargentina, ilitoa ndege moja ya mabomu aina ya Vulcan kutoka kisiwa cha Ascension, na ili ndege hiyo moja ifike na kurudi zilihitajika ndege za kujaza mafuta aina ya Victor zipatazo 11, hizi zikizijazia zile, na zile zikigeuka na kurudi moja baada ya nyingine, hadi ya mwisho ikampa mpigaji kinywaji chake cha mwisho. Bomu moja tu liliipiga barabara ya kurukia. Mtu yeyote aliyepata kusimamia msafara wa Watkins, angalifufuka, asingeshangaa hata kidogo: watu kumi wanatembea ili mzigo wa mmoja ufike.

Jeshi la anga la Kenya, lililozaliwa Eastleigh tarehe 1 Juni 1964, halikujiingiza katika anasa ya kujaziana mafuta hewani kwa shehena zake, na nadhani lilifanya vema. Lilianza na Beaver, kisha Caribou, kisha kutoka miaka ya 1970 Buffalo, zote za kampuni moja ya Kanada, de Havilland, ambazo hazitaki lami wala urefu. Buffalo huchukua tani 8 au karibu, yaani mizigo ya wapagazi 350, na hutua katika kiwanja cha kilomita moja au pungufu. Zimebeba askari, mitihani ya shule za kaskazini, wagonjwa, na viongozi, nazo zimetutoa machozi. Mwezi wa Aprili 1992 moja iliuangukia mtaa wa Kaloleni, Nairobi, watu zaidi ya 40 wakafa. Na tarehe 10 Aprili 2006 Harbin Y-12 ya Kichina, iliyokuwa inapeleka wabunge na viongozi wa dini kusuluhisha mapigano, iligonga mlima karibu na Marsabit, wakafa watu 14, akiwamo Bonaya Godana aliyewahi kuwa Waziri wa Mambo ya Nje.

Shule kubwa ya ufundi wa shehena za angani nchini, hata hivyo, haikuwa ya jeshi. Ilikuwa Lokichoggio, kule Turkana, ambako kutoka mwaka 1989 mpango wa Umoja wa Mataifa wa kuwasaidia watu wa kusini mwa Sudan uliweka ghala na ndege, na katika njaa ya Bahr el Ghazal ya mwaka 1998 Hercules ziliruka siku nzima, zikishuka chini juu ya uwanja uliowekewa alama, pua ikiinuliwa kidogo, na magunia yakiteleza yenyewe nje ya mlango wa nyuma. Mahindi yalitiwa gunia ndani ya gunia, kama Kabaw. Kwa yule mama wa Kidinka aliyengoja pembeni ya uwanja, na ambaye mara nyingine alikuja mapema mno akahatarisha maisha yake chini ya magunia yenye uzito wa kilo 50, aina ya ndege haikuwa na maana.

Oktoba 2011, Kenya ilipoingia Somalia katika operesheni ya Linda Nchi, mvua za vuli zilinyesha na magari yakakwama kabla ya kufika mbali, na jeshi likalazimika kuwategemea marubani wa ndege na helikopta kwa mambo ambayo barabara ilikataa kuyafanya. Haikupita miaka kumi serikali ikanunua kutoka Italia C-27J Spartan tatu, kuchukua nafasi ya Buffalo zilizochoka. Kila moja hubeba tani zipatazo 11, ina injini mbili za aina ile ile ya Hercules za sasa, na ikiwa imejaa shehena masafa yake hupungua kwa kiasi kikubwa, kwa sababu kilo inayotiwa unga haiwezi kutiwa mafuta, na rubani anayepanga safari ya kutoka Nairobi hukaa kwanza na kalamu akachagua moja katika hayo mawili.